Kutoka Ngwe hadi Hekta: Msamiati wa Vipimo vya Ardhi katika Kiswahili

Ikisiri

Makala haya yanachunguza msamiati ambao wasemaji wa Kiswahili wameutumia kupimia ardhi, tangu enzi za vipimo vya mwili na kamba hadi enzi hizi za hatimiliki na ramani. Yanaonyesha kuwa vipimo vya jadi havikukosa mantiki. Vilipima jambo tofauti na lile linalopimwa na hekta. Aidha, yanadai kuwa pengo lililopo baina ya lugha ya hatimiliki na lugha ya mnunuzi wa kawaida si suala la istilahi tu, bali ni suala la haki. Mwisho, yanapendekeza namna wanafunzi na walimu wa Kiswahili wanavyoweza kuchangia katika kuliziba pengo hilo.

1. Utangulizi

Kila jamii inayolima hupima. Kitenzi pima ni miongoni mwa vitenzi vyenye uzao mkubwa katika Kiswahili: kutokana nacho hupatikana kipimo, mpimaji, upimaji, pimwa, pimiana na kadhalika. Isitoshe, lipo neno pima lililo nomino, lenye maana ya urefu wa mikono miwili iliyonyooshwa kulia na kushoto, kutoka ncha ya kidole cha mkono mmoja hadi ncha ya kidole cha mkono wa pili. Kwa hivyo lugha yenyewe inashuhudia kuwa kupima na mwili wa mpimaji ni mambo yasiyotengana.

Hata hivyo, mwanafunzi anayefungua kamusi akitafuta kipimo cha jadi cha eneo la ardhi hukumbana na jambo la kushangaza. Vipimo vya ujazo ni vingi: kibaba, kisaga, pishi. Vya uzito vipo: ratili, frasila. Vya urefu navyo ni tele. Lakini vipimo vya eneo, kwa maana ya urefu uliozidishwa kwa upana, ni haba mno. Neno linalotawala katika uwanja huo ni ekari, ambalo limetoholewa kutoka Kiingereza. Je, ina maana kuwa Waswahili na jirani zao hawakupima mashamba yao? Makala haya yanajibu kuwa walipima, ila walichokipima hakikuwa uso wa ardhi peke yake. Walipima mwili, kazi, miti na mipaka.

2. Mwili kama chombo cha kupimia

Vipimo vya urefu vya Waswahili vilifuata mpangilio uliojengwa juu ya viungo vya mwili. Kilicho kidogo ni wanda, yaani upana wa kidole. Hufuatwa na shibiri, ambao ni umbali kutoka ncha ya kidole gumba hadi ncha ya kidole cha mwisho kiganja kikiwa kimetanuliwa. Shibiri mbili hufanya dhiraa moja, au mkono mmoja, kutoka kwenye kisigino cha mkono hadi ncha ya kidole cha kati. Dhiraa mbili hufanya wari, na dhiraa nne hufanya pima.

Mpangilio huu una sifa mbili za kuzingatiwa. Kwanza, unachanganya asili mbili. Shibiri na dhiraa yametokana na Kiarabu, ilhali mkono na pima ni ya Kibantu. Maneno hayo yaliishi pamoja bila kufukuzana, na mkono na dhiraa yakawa visawe. Pili, una ukadirifu wa ndani unaokiri upungufu wake. Wasemaji walitofautisha mkono kamili, unaofika kwenye ncha ya kidole, na mkono konde, unaoishia kwenye vifundo vya ngumi iliyofumbwa. Tofauti hiyo isingehitajika iwapo watu wangekuwa hawajali usahihi. Ilihitajika kwa sababu muuzaji na mnunuzi walijua fika kwamba mkono mmoja waweza kuwa na urefu wa namna mbili, na kwamba biashara ya haki sharti itaje ni upi.

Ifahamike kuwa konde katika mkono konde, yaani ngumi, na konde lenye maana ya shamba ni maneno mawili yanayofanana kwa umbo na sauti. Mwanafunzi wa semantiki asiharakishe kuyaunganisha kwa sababu tu yote mawili yanajitokeza katika mjadala wa vipimo.

Vipimo hivi vilifaa kwa vitambaa, mbao, kina cha maji na kuta za nyumba. Kwa upande wa ardhi vilikuwa vidogo mno kwa shamba zima, na hivyo hatua za miguu na kamba zilitumika badala yake. Hapo ndipo linapoingia neno lililo kiini cha makala haya, yaani ngwe.

3. Ngwe: kamba, shamba na kazi

Kwa asili, ugwe ni kamba nyembamba au uzi imara, na wingi wake ni ngwe. Neno kigwe, linalotumika kwa kamba iliyosokotwa au kusukwa, ni la ukoo uo huo. Lakini katika matumizi ya wakulima wa pwani na visiwani, ngwe ni kipande cha shamba, aghalabu kirefu na chembamba, kilichotengwa ili mtu mmoja akilime au akipalilie. Kamba iliyotumiwa kupimia ikakipa jina kile kilichopimwa.

Uhamisho wa maana wa namna hii si wa Kiswahili pekee. Katika Kiebrania cha Biblia neno hevel humaanisha kamba na pia fungu la ardhi. Kwa hiyo mwanaisimu anapokutana na ngwe, anakutana na taashira iliyo ya kawaida katika lugha za wakulima: chombo husimama mahali pa kitu.

Sifa muhimu zaidi ya ngwe ni umbo lake. Chukulia mashamba mawili ya mstatili. La kwanza lina hatua 40 kwa 40. La pili lina hatua 70 kwa 10. Anayeyazunguka kwa miguu atahesabu hatua 160 katika kila moja, na huenda akadhani yako sawa. Kumbe la kwanza lina eneo la hatua za mraba 1,600, na la pili 700 tu, yaani chini ya nusu. Mzingo haufichui eneo. Huu ndio mtego unaomnasa kila anayepima ardhi kwa kuizunguka.

Ngwe huukwepa mtego huo kwa njia nyepesi. Iwapo upana wa kila ngwe ni mmoja, kwa mfano hatua 10, basi kinachobaki ni kulinganisha urefu. Ngwe ya hatua 70 ni kubwa mara mbili ya ngwe ya hatua 35, wala hapahitajiki kuzidisha. Kwa maneno mengine, ngwe hugeuza eneo kuwa urefu. Mkulima asiyejua hesabu za shule huweza kwa macho na hatua kugawa kazi kwa usawa baina ya watu kumi.

Hata hivyo, historia ya neno hili haina usawa huo peke yake. Katika mashamba makubwa ya pwani ya karne ya 19, likiwemo eneo la Malindi lililosifika kwa mtama na ufuta, kazi ya watumwa iligawanywa kwa ngwe. Kila mtumwa alipewa ngwe yake, na msimamizi aliweza kuona kwa mtazamo mmoja nani amesonga mbele na nani amebaki nyuma. Kipimo kilichorahisisha ugavi wa haki ndicho kilichorahisisha pia usimamizi wa dhuluma. Hadhi ya kisheria ya utumwa ilifutwa Unguja na Pemba mwaka 1897, na katika pwani ya Kenya mwaka 1907, lakini neno lilibaki.

Lilibaki, na likabadilika. Katika Kiswahili cha Tanzania, watangazaji wa michezo huzungumzia ngwe ya pili ya mchezo, na waandishi wa habari huandika juu ya ngwe ya mwisho ya uongozi wa mtu fulani. Kipande cha ardhi kimekuwa kipande cha wakati. Mantiki ya maana ya awali haijapotea, kwani ngwe ingali ni sehemu ya kazi ambayo mtu amepewa na ambayo sharti aimalize. Ni jambo la kusikitisha kwamba wanafunzi wengi wa Kenya hulijua neno hili, kama wanalijua, kwa maana hii ya pili pekee.

Mwenendo kama huu unajitokeza pia nchini Uganda. Mkataba wa Buganda wa mwaka 1900 uligawa ardhi kwa maili za mraba, na kutokana na hilo neno mailo likaingia katika Kiganda. Leo mailo halitaji ukubwa. Linataja aina ya umilikaji. Kipimo kilizaa jina, kisha jina likakisahau kipimo.

4. Ardhi iliyohesabiwa kwa miti na kuwekewa mipaka kwa mimea

Njia ya tatu ya kukadiria ardhi pwani ilikuwa kuhesabu miti. Mwenye shamba la minazi au la mikarafuu hakuulizwa lina ukubwa gani. Aliulizwa lina miti mingapi. Jambo hili lilitokana na desturi iliyotenganisha udongo na kilichopandwa juu yake. Mtu angeweza kuimiliki minazi iliyosimama katika ardhi ya mwingine, akaiuza, akaiweka rehani au akairithisha. Katika mfumo wa namna hiyo, kuhesabu miti kulikuwa na maana kubwa zaidi kuliko kuzidisha urefu kwa upana.

Desturi hiyo ina athari hadi leo. Katika sehemu kadhaa za pwani ya Kenya, watu waliohesabiwa kuwa maskwota walikatazwa na wenye mashamba kupanda miti ya kudumu, hasa minazi na mikorosho, wakaruhusiwa mihogo na mahindi tu. Sababu haikuwa kuhofia mti wenyewe. Mti ulikuwa ushahidi. Anayepanda mnazi anadai miaka, na anayedai miaka huenda kesho akadai ardhi. Sheria ya Hatimiliki za Ardhi ya mwaka 1908 iliyotumika pwani iliwataka wenye madai wayawasilishe ili wapewe vyeti, na ardhi isiyodaiwa ikachukuliwa kuwa ya serikali ya kikoloni. Waliozoea kuthibitisha haki yao kwa miti, makaburi na kumbukumbu za wazee walijikuta wakishindana na wenye karatasi zilizoandikwa tarakimu.

Barani, mpaka ulitiliwa maanani kuliko eneo. Jomo Kenyatta, katika kitabu chake Facing Mount Kenya kilichotoka mwaka 1938, anaeleza jinsi Wagikuyu walivyopanda mimea maalumu mipakani mwa mashamba yao. Kwa Wachaga, masale yana hadhi kama hiyo. Nomino mpaka na kitenzi pakana zinadokeza fikra yenyewe: shamba hujulikana kwa jirani zake. Katika maelezo ya namna hii hapana tarakimu hata moja, ila pana mashahidi.

5. Ekari, hekta na lugha ya hatimiliki

Imezoeleka kuiona ekari kama kipimo cha kisasa kinachopingana na vile vya jadi. Mtazamo huu hauthibitiki. Neno la Kiingereza lililozaa ekari lilimaanisha shamba, kisha likawa ni kiasi cha ardhi ambacho jozi ya maksai ingeweza kukilima kwa siku moja. Ni kipimo cha kazi, sawasawa na ngwe. Hata umbo lake la awali lilikuwa la ngwe: futi 660 kwa urefu na futi 66 kwa upana, jumla ya futi za mraba 43,560. Urefu huo ulikuwa ule wa mfereji mmoja wa jembe la kukokotwa kabla ya ng'ombe kugeuzwa, na upana ulikuja kulingana na mnyororo wa wapimaji.

Vipimo vingine vya ulimwengu vina nasaba hiyo hiyo. Feddan ya Misri imepata jina lake kutokana na nira ya ng'ombe. Timad ya Ethiopia nayo hutaja jozi ya maksai na kazi ya siku, na gasha ya nchi hiyo, yenye hekta zipatazo 40, maana yake ni ngao, kwa kuwa ilihusiana na ardhi ya askari. Kilichoitofautisha ekari na ngwe si ubora wa asili, bali ni dola iliyoisanifisha, ikaiandika katika sheria na kuisambaza ng'ambo.

Nchini Kenya, usanifishaji huo ulifika mashambani kwa kishindo kutokana na Mpango wa Swynnerton wa mwaka 1954. Vipande vya ardhi vilivyotawanyika vilipimwa, vikajumlishwa, na mwenyewe akapewa shamba moja lenye nambari. Kazi hiyo ilifanyika wakati wa Hali ya Hatari, wengi wakiwa vizuizini, na baadhi yao walirejea wakakuta vipimo vimekwisha kuandikwa bila sauti yao. Baadaye nchi iliingia katika mfumo wa meta, na hatimiliki zikaanza kutaja hekta. Wananchi, kwa upande wao, waliendelea kusema ekari, au eka kama wengi wanavyotamka.

Hapa ndipo pengo linapojitokeza. Hekta moja ni meta za mraba 10,000. Ekari moja ni takriban meta za mraba 4,047. Kwa hiyo hekta moja ni sawa na ekari 2.47. Tuseme mjane amerithi shamba ambalo hatimiliki yake imeandikwa 0.4. Tarakimu hiyo ni ya hekta, nayo ni karibu ekari moja nzima. Asipojua hivyo, na mnunuzi akamsomea kuwa ni sehemu nne za kumi za ekari, atapokea bei ya ekari 0.4 na kukabidhi takriban ekari 1. Hakuna mpaka uliosogezwa wala karatasi iliyoghushiwa. Zaidi ya nusu ya mali yake itakuwa imekwenda kupitia kwenye neno moja lisilotajwa.

6. Ploti, pointi na thumuni

Wakati taasisi zikitumia hekta, soko limejiundia msamiati wake. Ploti ya futi 50 kwa 100 imekuwa kipimo kamili mijini na viungani. Katika sehemu za magharibi na Bonde la Ufa hutumika pia pointi, ambayo ni sehemu moja ya kumi ya ekari. Robo na nusu ya ekari husikika kila mahali.

Ploti ya futi 50 kwa 100 hutangazwa mara nyingi kuwa ni sehemu moja ya nane ya ekari. Hesabu haikubaliani na tangazo. Ploti hiyo ina futi za mraba 5,000. Sehemu moja ya nane ya ekari ni futi za mraba 5,445. Tofauti ni futi za mraba 445, sawa na meta za mraba 41 hivi, ambazo zinatosha vyumba viwili au vitatu vya kawaida. Si lazima tofauti hiyo iwe ni wizi, kwa kuwa ekari inapogawanywa mara nane sharti pabaki nafasi ya barabara. Lakini mnunuzi ana haki ya kujua kwamba analipia thumuni na kupewa pungufu yake.

Neno thumuni limetajwa makusudi. Kiswahili kina mfuatano kamili wa majina ya sehemu: nusu, thuluthi, robo, humusi, sudusi, thumuni na mengineyo. Wakenya wengi walilifahamu thumuni kwa umbo la sumuni, jina la sarafu ya senti hamsini, bila kujua maana yake ya sehemu moja ya nane. Pwani, maneno haya hayakuwa mapambo ya lugha. Katika mirathi ya Kiislamu, mjane hupata thumuni ya mali iwapo marehemu ameacha watoto, na robo iwapo hakuacha. Mama wa marehemu hupata sudusi watoto wakiwepo. Mahakama za Kadhi, zinazotambuliwa na Ibara ya 170 ya Katiba ya mwaka 2010, hushughulikia mafungu haya.

Kwa hiyo msamiati wa kugawa ulikuwa umeimarika hata pale ambapo msamiati wa kupima eneo ulikuwa haba. Shamba la minazi 80 lililo sawa kwa mazao humpa mjane minazi 10; shamba la ekari 16 lenye thamani sawa kote humpa ekari 2. Kipimo hubadilika, fungu halibadiliki. Thumuni hudumisha haki ya mjane ikiwa kinachohesabiwa ni miti, ngwe, ekari au hekta, mradi tu wote waliokaa kikaoni wawe na maana moja ya neno hilo.

7. Hitimisho na mapendekezo

Mjadala huu umeonyesha mambo matatu. Kwanza, uhaba wa majina ya jadi ya eneo katika Kiswahili hautokani na upungufu wa fikra, bali unatokana na namna ardhi ilivyotazamwa: kama kazi, kama miti, kama ujirani. Pili, ekari nayo ni kipimo cha jadi cha watu wengine kilichobahatika kupata serikali. Tatu, vipimo vinapobadilika bila lugha ya wananchi kuandamana navyo, anayepoteza ni yule asiye na mkalimani.

Inapendekezwa, basi, kwamba maneno ngwe, wanda, shibiri, dhiraa na pima yafundishwe pamoja na muktadha wake wa kijamii, badala ya kuorodheshwa kama visukuku vya kamusi. Majina ya sehemu, hasa thumuni na sudusi, yarejeshwe katika mazoezi ya sarufi na ufahamu. Wanafunzi wanaotoka katika jamii zinazolima wahimizwe kukusanya istilahi za vipimo kutoka kwa wazee wakingali hai, wakibainisha sio neno tu bali pia kilichopimwa, aliyepima na chombo alichotumia.

Muhimu kuliko yote, Ibara ya 7 ya Katiba imekifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi sambamba na Kiingereza. Mkataba wa kuuza ardhi ulioandikwa kwa Kiswahili fasaha, unaotaja hekta, ekari na futi za mraba bega kwa bega, umo ndani ya uwezo wa mhitimu yeyote wa idara ya Kiswahili. Wahenga walinena kwamba haba na haba hujaza kibaba. Walilisema hilo kwa kipimo walichokijua wote, msemaji na msikilizaji, na ndiyo maana halikuhitaji kufafanuliwa. Tarakimu ya hatimiliki nayo inastahili kueleweka hivyo kwa mwenye shamba, kabla hajatia kidole chake kwenye wino.